Maneno ya Mzee Maiyo Niliyoyakata

Vijana wangu, nyinyi mnaokata picha kwa kidole kimoja huku mkono wa pili umeshika chapati, salamu nyingi kutoka Kiplombe, pembeni mwa Eldoret. Juzi watatu wenu walikuja nyumbani, wakajipanga kwenye kochi langu, wakaniuliza enzi zangu nilitumia programu gani. Nikawajibu kwamba nilitumia wembe. Mmoja akatoa simu aitafute hiyo Wembe mtandaoni aipakue. Nilicheka hadi nikashika mbavu, halafu nikaona afadhali niandike, maana nikieleza kwa mdomo mtaniona tu nyanya anayepiga porojo.

Naitwa Pamela Auma. Wengi mjini Eldoret walinijua kwa jina la Mama Kanda. Nilizaliwa upande wa Ziwa Victoria, nikasomea upigaji chapa, na kazi yangu ya kwanza ilikuwa Nairobi, kuchapa barua katika ofisi iliyotengeneza filamu za kuelimisha wakulima. Siku moja mkuu wa chumba cha kukatia filamu, Bwana Shivachi, alipita mezani kwangu, akatazama vidole vyangu, akauliza kama naweza kutia uzi kwenye sindano mara moja tu bila kukosea. Nikasema naweza. Kesho yake nikahamishwa. Hiyo ndiyo intavyuu pekee niliyofanya maishani.

Kazi ilikuwa hivi. Filamu ilikuwa utepe mrefu wenye picha ndogondogo zilizofuatana. Unautazama kwenye taa, unatafuta mahali mtu amemaliza kusema, unakata kwa wembe, kisha unaunganisha kwa selotepu. Kipande ulichoondoa hukitupi. Unakitundika kwenye msumari juu ya pipa lililotandikwa kitambaa safi, na kijikaratasi chenye jina. Bwana Shivachi aliviita vipande hivyo mabaki, na mabaki yalikaa pale mpaka mwenye filamu aje, atazame kazi, aseme ameridhika. Nilimwona akimfokea mtu mzima mwenye watoto hadi machozi yakamtoka, kwa sababu ya kipande cha urefu wa mkono kilichofagiliwa pamoja na takataka.

Jambo lingine alilonifundisha lilinishangaza. Mtu akiongea kwenye filamu, Bwana Shivachi alifumba macho. Nilidhani amelala, nikamgusa bega.

"Jicho lina haraka, Auma," akasema, macho bado kayafumba. "Sikio ndilo linajua kama mtu amemaliza."

Msidhani nilishika yote siku ya kwanza. Filamu yangu ya kwanza kuachiwa peke yangu ilihusu josho la ng'ombe, lile shimo la maji ya dawa ya kupe. Nilikata vizuri, nikaunganisha vizuri, ila kipande kimoja nilikigeuza nikakiunga mkia ukiwa mbele. Filamu ikapelekwa kijijini, ikaonyeshwa ukutani mwa shule mbele ya wananchi, na chifu akiwa ameketi mstari wa kwanza. Ng'ombe wakaingia majini kwa adabu, halafu ghafla wakaonekana miguu juu, wakirudi kinyumenyume walikotoka. Mzee mmoja akainua mkono akauliza kama ni hiyo dawa inayowafanya ng'ombe namna hiyo, maana kama ni hiyo, yeye atabaki na kupe wake. Kwa hiyo programu ikiwagandia kazi ikiwa nusu, msinililie. Mimi nimewahi kuwapindua ng'ombe wa serikali.

Eldoret nilikuja kwa sababu ya mume wangu, aliyepata kazi ya ukarani katika kiwanda cha nguo. Filamu za utepe zilikuwa zinaisha, kanda za video zimeingia, nami nikakodi chumba kidogo karibu na soko, nikaweka televisheni moja na mashine mbili, moja ya kucheza na moja ya kurekodi. Unacheza huku, unarekodi kule, na ukichelewa kubonyeza kwa sekunde mbili, unarudia kutoka mwanzo wa kipande. Nilirekodi na kukata harusi, harambee, ubatizo, wazee kuaga kazi, na mazishi. Mazishi yalikuwa mengi kuliko yote. Watu wa huku wana watoto ng'ambo, wakimbiaji na wauguzi na wanafunzi, na ambaye hakuweza kupata ndege alitumiwa kanda.

Harusi ni rahisi. Onyesha bibi harusi, onyesha keki, onyesha shangazi anayecheza kuliko wote, na hakuna atakayekulaumu. Kwa mazishi lazima ujue watu. Usiwaruke wakwe wanapotambulishwa. Usiondoe foleni ya chakula, hata kama ni ndefu na haina maana kwako, kwa sababu aliye ng'ambo atasimamisha picha na kuwahesabu mmoja mmoja, nani alikuja na nani hakuja. Haya nilijifunza kwa kugombezwa.

Mbele ya kamera nilifika kwa bahati mbaya. Kikundi cha maigizo cha kanisa letu kilianza kutengeneza filamu za mafundisho, mimi nikiwa mkataji wao, na mtu asipotokea nilisukumwa nikae mahali pake. Nimekuwa maiti mara tatu. Mara ya pili walinipaka poda nyingi usoni, na pasta wa kuigiza alipofika kwenye "mavumbini utarudi," nikapiga chafya ndani ya jeneza. Mama mmoja aliyekuwa anapita njia akaangusha ndoo yake ya maziwa akakimbia, na maziwa tukamlipa.

Nimekuwa askari pia. Tulikuwa kituo cha Ziwa, nje ya Eldoret, siku ya soko, nimevaa sare ya kukodi na kofia iliyonizidi kichwa. Kabla kamera haijawashwa, mama muuza mboga akanishika mkono, akaanza kumshtaki jirani aliyemlia kuku. Nikaona nikimwambia mimi ni wa maigizo atadhani namkwepa. Nikasikiliza kesi yote, nikamtazama yule jirani kwa macho makali, na jirani akakiri papo hapo. Wale wa kamera walikuwa wanaumia kwa kicheko nyuma ya gari la viazi.

Kila mkataji anapaswa kukaa mbele ya kamera angalau mara moja. Ukiwa mezani unamwona mtu amenyamaza sekunde tatu, unasema huyu anatuchelewesha, unakata. Ukiwa mbele ya lile jicho la kioo, sekunde tatu ni ndefu kama ibada ya Krismasi, na mtu anayenyamaza anafanya kazi ngumu kuliko anayesema. Nilikuwa nikijua hivyo. Nilikuwa nimefundishwa na mwalimu bora, nimepigishwa chafya na poda, najua. Na bado nikafanya kosa nitakalowaeleza.

Ilikuwa msimu wa kupanda. Niliitwa kijijini Sugoi kurekodi mazishi ya mama aliyeitwa Rael. Mume wake, Mzee Maiyo, alikuwa mkulima wa mahindi na ng'ombe wa maziwa, mtu wa maneno machache, macho yameanza kuingia ukungu. Walikuwa na watoto wawili. Jerotich, binti, alikuwa mwalimu wa shule ya msingi pale pale. Kibet, kijana, alikuwa ng'ambo, na kanda ilikuwa yake. Hilo tu ndilo niliambiwa.

Mazishi yalichukua saa sita, na kanda ya kutuma ilikuwa ya saa tatu. Kila mtu alisema mengi, kama ilivyo desturi. Kaburi likafunikwa, maua yakawekwa, mfawidhi akatangaza chakula, vijana wakaanza kubeba viti na kung'oa spika. Ndipo Mzee Maiyo akasimama kando ya udongo mbichi, bila kuitwa, bila maiki, akaanza kusema kwa Kikalenjin. Nilikuwa hatua kumi kutoka kwake, nyuma ya kamera. Upepo ulikuwa mkali. Alisema kidogo, akanyamaza sana, akasema tena kidogo. Nilikuwa nimeishi Eldoret miaka mingi, nimeuza na kununua, nimezaa watoto wangu hapa, na sikuelewa hata sentensi moja. Mpaka leo naona aibu kuandika hivyo.

Nilikuwa na njia yangu. Kwa hotuba za Kikalenjin nilimwita Chepkoech, mshonaji wa chumba cha pili, akasikiliza na kunieleza huyu anasema nini. Lakini wiki ile Chepkoech alikuwa shambani kwao akipanda mahindi, na kuna mtu alikuwa anasafiri Jumatano, ndiye wa kubeba kanda. Jumanne jioni nilikuwa nimezidisha dakika kumi na moja. Nikamtazama Mzee Maiyo kwenye televisheni. Sauti imechafuliwa na upepo, vijana wanapita nyuma na viti, mwenyewe amenyamaza muda mrefu kuliko anaosema. Nikajiambia, huyu anashukuru wageni, wazee wote humaliza kwa kushukuru wageni. Nikamwondoa. Kanda ikatosha sawasawa, nami nikafurahi.

Na ile kanda ndogo ya kamera, yenye mazishi yenyewe, nikafanya nilivyozoea kufanya. Wiki mbili baadaye nilirekodi harusi juu yake. Kanda mpya zilikuwa ghali, na ile habari ya mabaki niliiacha Nairobi pamoja na wembe.

Mahindi yalikuwa yamefika kiunoni Jerotich alipoingia dukani. Alikuwa na kanda mkononi, nakala aliyobaki nayo nyumbani.

"Mama, samahani," akasema. "Ni wewe ulitengeneza hii?"

"Ni mimi. Iko na shida?"

"Mzee wangu alienda wapi?"

"Si yuko hapo mwanzo, na koti ya kijivu, anapokea watu?"

"Naongea ya mwisho. Kwa kaburi. Pale aliongea."

"Aa, pale kwa kushukuru wageni. Hiyo nilitoa, maiki walikuwa wameondoa na kanda ilikuwa imejaa."

Jerotich akakaa kwenye kiti cha wateja. Akaniambia polepole, kwa sauti ya mwalimu anayemweleza mtoto mgumu wa kuelewa, kwamba baba yake hakuwa anashukuru wageni.

Miaka tisa kabla ya hapo, Kibet alikuwa chuo cha ualimu. Mzee alikuwa amewaambia watu wote wa kanisa kwamba kijana wake atakuwa mwalimu. Kibet alikuwa na mbio miguuni. Akaacha chuo, akapanda ndege bila kumuaga baba, na Mzee akapata habari kwa jirani kwenye foleni ya maziwa. Siku hiyo hiyo, mbele ya watu, akasema Kibet asikanyage boma lake tena. Kijana alikimbia mashindano machache, goti likaharibika, akaishia kufanya kazi kwenye nyumba ya kutunza wazee, akiwaogesha na kuwalisha baba za watu wengine. Mama alipofariki, nauli alikuwa nayo, lakini hakuja. Alisema neno lililosemwa mbele ya watu liondolewe mbele ya watu, ndipo atarudi.

"Na Mzee aliliondoa," Jerotich akasema. "Siku hiyo. Alisema yale maneno anayazika na mama, Kibet akuje nyumbani. Watu walilia, Mama. Wewe ulikuwa hapo."

"Si ungempigia simu ukamwambia?"

"Nilimwambia. Anasema, 'Wewe ni sister yangu, unataka tu nitulie. Hiyo video inaonyesha mpaka mbuzi ya jirani. Kama Baba angekuwa amesema, ningeona.' Ameitazama mara tatu. Sasa hata simu hashiki."

Nikafunga duka saa hiyo hiyo. Nikatafuta ile kanda ndogo, nikaikuta, nikaiweka kwenye mashine. Nilijua nitakachokiona, lakini mtu hutumaini. Mahali pa Mzee Maiyo palikuwa na keki. Keki ya ngazi tatu, na bwana harusi anamlisha bibi harusi, na watu wanapiga vigelegele. Jerotich akaitazama ile keki. Nikalia mbele yake, mimi mtu mzima, na yeye ndiye akanipa kitambaa.

Jumamosi tukaenda Sugoi. Nilidhani ni jambo la nusu saa. Nitamwomba Mzee msamaha, atarudia maneno yake, nitayarekodi, kwisha. Mzee Maiyo alinikaribisha vizuri, nikapewa mursik, maziwa ya mgando, kwenye kikombe kikubwa, akanisikiliza hadi mwisho huku ameelekeza sikio upande wangu kwa sababu macho hayakuwa yanamsaidia tena.

"Hapana," akasema.

"Mzee, ni makosa yangu. Dakika mbili tu."

"Mimi nilisema. Hiyo maneno ilikuwa ya kusema mbele ya mama yake, na mama yake alikuwa hapo. Sasa wewe utamleta mama asimame hapo ndio niseme tena?"

Jerotich akajaribu kwa Kikalenjin, akajibiwa kwa neno moja. Mzee akachukua fimbo yake akaingia ndani, na mlango hakuufunga, ila hakutoka. Jerotich akaniambia njiani kwamba daktari amesema moyo wa Mzee umechoka. Alisema hivyo bila kulia, na hiyo ndiyo iliyonitisha zaidi.

Sikulala vizuri wiki hiyo. Nilifikiria Kibet anavyomnawisha mzee wa mtu kule, akiamini kwamba wa kwake hamtaki, na chanzo cha imani hiyo ni kidole changu kwenye kitufe. Dada yake hakuaminiwa kwa sababu ni dada yake. Majirani nao angesema wamefundishwa. Nikajiuliza ni nani ambaye hana sababu ya kumbembeleza. Nikaona ni mimi, niliyeharibu. Mtu hakai mbele ya kamera kujiaibisha bure.

Jumamosi iliyofuata nikarudi Sugoi na kamera na kanda mpya kabisa, ikiwa bado kwenye nailoni yake. Jerotich alikuwa ametafuta wale waliosimama karibu na kaburi siku ile. Walikuja watu watano. Tukaweka viti uani, chini ya dirisha la Mzee, kwa sababu ndiko kulikokuwa na kivuli. Nikamwonyesha Jerotich kitufe cha kubonyeza, nikaenda nikakaa mbele.

Vijana, mimi nimekuwa maiti na askari na mke wa mbunge, na sijawahi kusahau maneno. Siku hiyo nilisahau jina langu. Nilianza mara tatu. Mwishowe nikasema, "Kibet, hunijui. Mimi ni yule mama aliyerekodi mazishi ya mama yako. Baba yako alisimama kwa kaburi akaongea. Sikuelewa lugha, sikuuliza mtu, na nikamkata ili kanda itoshe. Halafu nikarekodi harusi juu yake. Usipomwona baba yako kwa ile video, ni mimi sikumweka. Hawa hapa walimsikia, nami nakuomba msamaha." Nikanyamaza, na Jerotich akanitazama tu, kwa hiyo nikaendelea kunyamaza mbele ya ile kamera mpaka nikainuka mwenyewe.

Wale watu wakaanza, kwa Kikalenjin, na Jerotich ananinong'onezea. Mama aliyekuwa rafiki wa marehemu akasema Mzee alisema amemsamehe Kibet. Katekista akasema hapana, neno "samehe" Mzee hakulitumia, alisema mlango uko wazi. Mjomba, ndugu yake Rael, akasema wote wawili wamesahau, Mzee alisema Kibet aje achukue shamba la chini. Katekista akamuuliza mjomba shamba limeingiaje hapo. Mjomba akasimama. Mama naye akasimama. Kuku wakakimbia. Ndani ya dakika tano watu wazima watano walikuwa wanagombana mbele ya kamera yangu, kila mmoja ana maneno yake ya Mzee Maiyo, nami nimeshika kichwa kwa sababu nilijua Kibet akiona hivyo ataamini kabisa kwamba tumetunga.

Tukasikia fimbo ikigonga sakafu. Mzee Maiyo akatoka ndani akiwa hana kofia, amekasirika.

"Hapana!" akasema. "Sikusema hivyo! Hakuna hata mmoja anajua kusikia hapa?"

Akaja akasimama katikati yao. Hakuuliza kamera iko wapi, lakini Jerotich hakuwa ameizima. Mzee akasema yake kwa Kikalenjin, kidogo, akanyamaza, akasema tena kidogo. Safari hii niliambiwa neno kwa neno. Alisema: "Nilisema kijana wangu asikanyage hapa. Hayo maneno nimeyazika na mama yake. Kibet akuje nyumbani." Akanyamaza muda mrefu. Midomo ilikuwa inasogea na sauti haitoki. Mjomba akataka kusema kitu, na yule mama akamfinya. Kisha Mzee akaongeza jambo ambalo, wote waliapa, siku ya mazishi hakulisema. Alisema, "Mimi ndiye nilikosa kumuuliza kwa nini anataka kukimbia."

Akageuka kunitafuta kwa macho yake yenye ukungu, akanitupia kwa Kiswahili: "Umeshika?"

"Nimeshika, Mzee."

"Yote?"

"Yote."

Kanda ile sikuikata popote. Mimi nikisahau maneno iko ndani, ugomvi uko ndani, kuku wako ndani, kimya cha Mzee kiko ndani chote. Nilitoa nakala mbili, moja nikampa Jerotich, ya pili ikatumwa kwa Kibet, na kanda yenyewe nikaifungia kabatini. Tangu siku hiyo sijarekodi juu ya kazi ya mtu yeyote kabla mwenyewe hajaja kuniambia ameridhika. Chepkoech nikamwomba anifundishe Kikalenjin, sentensi moja kwa siku, huku akishona. Alinicheka vya kutosha. Na nyinyi mnaokata mahojiano ya watu msioelewa lugha yao, mkitegemea mashine iwatafsirie, tafuteni Chepkoech wenu, mmnunulie chai, mumsikilize.

Wiki tatu zilipita bila neno. Halafu Jerotich akanipigia simu akiwa shuleni, nasikia watoto wanapiga kelele nyuma yake. Kibet alikuwa ameitazama kanda. Alisema mwanzoni hakuniamini hata mimi, mpaka mjomba aliposimama kugombania shamba la chini, hapo akajua hakuna aliyepanga kitu, kwa sababu mjomba hakuna awezaye kumfundisha. Alicheka, na akiwa bado anacheka baba yake akatokea mlangoni. Jerotich hakuweza kunieleza zaidi.

Alikuja mwezi wa kumi na mbili, mahindi yakiwa yamevunwa. Familia ikaniita Sugoi nirekodi. Nilifika asubuhi, nikachaji betri mbili, nikasafisha kioo, nikachagua mahali jua lilipo nyuma yangu, kila kitu kama kilivyoandikwa vitabuni. Gari likasimama langoni. Kibet akashuka, mrefu, anachechemea kidogo, akasimama nje ya lango. Hakuingia. Mzee alikuwa mlangoni, hamwoni, anasikia tu kwamba injini imezima. Akauliza kwa nini hawaingii. Mtu akamwambia Kibet amesimama langoni. Mzee akaanza kutembea. Alikataa kushikwa mkono, akavuka ua wote peke yake na fimbo, akafika langoni, akanyoosha mkono mbele yake mpaka ukagusa kifua cha kijana. "Chamgei," akasema, akimsalimu kwa lugha yao. Akamvuta ndani kwa shati.

Nilimfuata na kamera hatua kwa hatua. Niliona yote kwenye kile kioo kidogo, na machozi yananishuka hadi kwenye kidevu, na niliendelea kushika imara kwa sababu mimi ni mtu wa kazi. Nilipofika mjini nikaweka kanda kwenye mashine. Ilikuwa tupu. Miaka yote ile ya kazi, na sikuwa nimebonyeza kitufe cha kurekodi.

Nilikaa siku nne nikitafuta ujasiri. Nikarudi Sugoi, nikamkuta Mzee Maiyo amekaa uani, na Kibet anasafisha zizi. Nikamwambia Mzee ukweli wote, kwamba ile siku kubwa haipo, nimeipoteza, na safari hii hata harusi haiko juu yake, hakuna kitu kabisa.

"Hakuna?" akauliza.

"Hakuna, Mzee. Nisamehe."

Akafikiri. Halafu akamwita Kibet, na Kibet akaja na viatu vya mpira vyenye samadi hadi magotini, akasimama kando yake. Mzee akapapasa akapata mkono wake, akaushika.

"Hiyo video ni ya mtu hayuko," akaniambia. "Sasa huyu si yuko?"